Hakuuliza bei ya panki

(Hii ni hotuba niliyoitoa Mwanza kwa vijana wanaojifunza kutengeneza filamu. Nimeiandika karibu vilevile nilivyoongea.)

Shikamooni wazee wangu, na nyie wadogo zangu habari za saa hizi. Nimeombwa niongelee kazi ya mtu anayetengeneza dokumentari za uchumi na jamii, yaani mtu anayebeba kamera kwenda kuuliza hela inatoka wapi, inaenda wapi na nani anabaki na nini, na kila nikijaribu kumfikiria mwingine najikuta narudi kwa mtu yuleyule ambaye jina lake ukilitaja hapa Mwanza mbele ya watu wa rika langu bado kuna wanaokunja uso. Hubert Sauper.

Najua wengi wenu mlikuwa wadogo sana. Huyu ni mzungu wa Austria, amezaliwa 1966, kasomea filamu Vienna na Paris, na mwaka 2004 akatoa filamu inaitwa Darwin's Nightmare ambayo mtaani sisi tuliiita filamu ya mapanki, yaani mabaki ya samaki, imepigwa hapahapa, ziwa hilihili, uwanja wa ndege huuhuu mnaoujua. Ilichukua tuzo ya dokumentari bora ya Ulaya mwaka huohuo wa 2004, mwaka 2006 ikaingia kwenye wanaogombea Oscar. Na huku nyumbani mwaka huohuo wa 2006 rais Kikwete akaisema vibaya kwenye hotuba kwa taifa, watu wakaandamana hapa mjini kuipinga, na mimi nakumbuka vizuri kwamba wengi tuliokuwa tunaibishania vijiweni hatukuwa tumeiona hata dakika moja. Tulikuwa tunagombana na kitu tulichohadithiwa.

Sasa nataka niwaelezee alivyofanya kazi, kwasababu hapo kuna elimu kubwa, alafu nitawaambia mama yangu alisema nini.

Alianzia mbali kidogo. Mwaka 1997 alikuwa Congo, kule kusini ya Kisangani, anafuata wakimbizi wa Kirwanda waliokuwa wametawanyika porini kando ya reli, watu wamechoka wanakufa na njaa, na akatoa filamu fupi 1998, Kisangani Diary. Na katika hizo safari ndo akakutana na kitu kimoja ambacho mtu mwingine angekipita tu. Anasema aliona ndege mbili kubwa za mizigo ziko uwanja mmoja, moja imeleta tani 45 za mbaazi za njano kutoka Marekani za kulisha wakimbizi, na nyingine inaondoka kwenda Ulaya imebeba tani 50 za samaki wabichi. Bas. Ndege mbili. Chakula kinaingia, chakula kinatoka, uwanja mmoja, siku moja. Mtu wa kawaida angeona ni ratiba ya ndege tu, yeye akaona pale kuna filamu nzima, na akakaa na hilo wazo miaka mpaka likaiva. Ndo maana nawaambiaga vijana usikimbilie mada kubwa. Usiseme unatengeneza filamu ya utandawazi, utandawazi haupigwi picha. Tani 50 za samaki zinapigwa picha.

Samaki mwenyewe ni sangara. Nyie mmemkuta, mnaona ni samaki wa hapa kama sato, lakini sangara aliletwa, alipandikizwa ziwani miaka ya 50 na ya 60 enzi za wakoloni wanaondoka, na alipokubali maji akala karibu kila kitu alichokuta. Ziwa hili lilikuwa na aina mamia za furu, visamaki vidogo vya hapa, ambazo hazipo sehemu nyingine yoyote duniani, na inaaminika kama mia mbili hivi zilipotea. Wazee wa Ukerewe wanazikumbuka kwa ladha, mwanasayansi anazikumbuka kwa majina ya kilatini, ni msiba mmoja. Lakini pia lazima tuseme ukweli wote, sangara alileta hela. Miaka ya 90 viwanda vya minofu vikajengwa hapa, Musoma, Bukoba, vijana wakatoka vijijini huko wakaja kwenye kambi za wavuvi, mitumbwi ikafungwa mashine, na Ulaya walipofunga mlango wasinunue samaki wetu 1997 na tena 1999 kwa sababu za usalama wa chakula mji huu ulinuna wote, kuanzia mwenye kiwanda mpaka muuza chapati wa mwaloni, pale mitumbwi inaposhusha samaki.

Sauper akaingia hapo. Na hakuja na magari matatu na watu kumi na tano wenye vizibao vya mifuko mingi. Alikuwa na mwenzake mmoja na kamera ndogo. Amewahi kueleza mwenyewe kwamba ili aweze kukaa karibu na zile ndege walikuwa wanajifanya marubani au watu wa mizigo, na vitambulisho vya uongo, na muda mwingi ukaishia kwa polisi kujieleza. Hilo la vitambulisho mimi silisifii na siwafundishi, maana yeye akikamatwa ana ubalozi, wewe wa Nyamagana ukikamatwa una shangazi tu wa kukuletea chakula. Lakini kule kukaa, kukaa mpaka watu wanakusahau, hilo lichukueni.

Angalieni filamu inavyoanza. Kivuli cha ndege kinapita juu ya maji, alafu tuko ndani ya mnara wa kuongozea ndege, na jamaa aliyeko zamu anahangaika na mdudu kwenye kioo, anampiga anamkosa anampiga tena, huku redio inaongea. Hajaambiwa aigize. Hakuna takwimu, hakuna sauti ya mtu anayetuhubiria. Na wewe mtazamaji tayari umeshaelewa hali ya ule uwanja.

Na kitu cha pili ni swali. Filamu nzima ina swali moja analirudia kwa kila mtu, kwa rubani, kwa mlinzi, kwa dada anayekaa na marubani, kwa watu wa uwanjani: hizi ndege zikija zinakuja na nini? Wanamjibu tupu. Anauliza tena kesho, tupu. Mwingine anasema hajui, mwingine anasema hayo ni mambo ya wakubwa. Anaendelea kuuliza kwa upole tu mpaka usiku mmoja rubani mmoja, mrusi, mtu mzima mpole anayewaza watoto wake, anaeleza kwamba aliwahi kubeba vifaru kupeleka Angola, na akirudi akapitia Johannesburg akabeba zabibu kupeleka Ulaya, na unamwona usoni kwamba anaumia, anataka watoto wote wa dunia wafurahi lakini hajui afanye nini. Hiyo sehemu nimeiangalia labda mara thelathini. Swali la kwanza lilikuwa la mizigo, jibu likaja kuwa la moyo, na katikati ni subira tu.

Yule mlinzi wa usiku naye. Analinda taasisi ya utafiti wa samaki kwa upinde na mishale ya sumu, analipwa kama dola moja kwa usiku, na kazi ameipata kwasababu aliyekuwepo kabla yake aliuawa. Anaongea taratibu kwenye giza kwamba vita ikija yeye ataifurahia maana jeshini kuna mshahara. Watu walisema ile ni kumdhalilisha. Mimi sioni hivo. Mimi naona mtu mwenye akili anayefanya hesabu ya soko la ajira na hesabu yake inatoka sawasawa, na hapo ndo panatisha.

Sasa lawama. Zilikuwa nyingi na si zote za uongo. Ufaransa alitokea mwanahistoria mmoja, François Garçon, akaandika kwamba filamu inapotosha, na akafika mbali akadai watoto walilipwa waigize, na kwa hilo Sauper akampeleka mahakamani na mwaka 2008 mahakama ya Paris ikaamua kwamba amemchafulia jina. Kwahiyo kwenye watoto kesi imeisha. Lakini swali la silaha, kama zile ndege za samaki zikija huwa zinaleta silaha, halijaisha, maana ndani ya filamu hatuoni silaha hata moja ikishushwa Mwanza. Tunaona watu wanaongea, tunaona rubani wa Angola, na sisi wenyewe vichwani tunaunga. Mhariri anajua, ukiweka picha mbili pembeni ya nyingine mtazamaji anaunga mwenyewe, na ile nguvu inabidi uitumie ukiwa na hofu ya Mungu. Aliyebaki kubeba mzigo ni mtu wa huku. Mwandishi wa habari wa hapa, Richard Mgamba, aliyeongea ndani ya filamu, mwaka 2006 alikamatwa na kukatokea mpaka tishio la kumfukuza nchini eti sio raia. Mtengeneza filamu alikuwa Ulaya. Msilisahau hili mkimwomba mtu aongee mbele ya kamera yako, baada ya wewe kufungasha yeye bado anaishi pale.

Alafu kuna mapanki.

Kwa wageni waliopo, panki ni kile kinachobaki sangara akishatolewa minofu, mgongo na kichwa, nyama kidogo imeng'ang'ania kwenye mifupa. Kisumu wanaita mgongo wazi. Kiwandani ni mabaki, lakini lori likitoka nayo getini tayari ni biashara ya mtu. Katika filamu anatupeleka kwenye vichanja, mapanki mengi yamening'inizwa yanakaushwa juani, matope chini, funza, moshi, kunguru, mama mmoja amepoteza jicho anaelezea ule mvuke unavyouma. Ni picha mbaya, zilizunguka dunia nzima, na hizo ndo zilifanya watu waandamane: tumeonekana tunakula uchafu.

Mama yangu mzazi amekaa hapa mstari wa mbele. Shikamoo mama. Mama alifanya biashara ya mapanki miaka tisa. Ada yangu ya sekondari yote, na ya wadogo zangu wawili, ilitoka kwenye karai la mafuta. Mimi nimeamka usiku kuwahi lori la kiwanda fulani, nimebeba beseni kichwani maji yanachuruzika mgongoni mpaka ile harufu shuleni wanakujua nayo. Kwahiyo filamu ile ilipofika kwetu kwenye sidii ya kudurufu, laptopu ya kuazima, tulikaa sebuleni mimi nikiwa na hofu jinsi atakavyoipokea.

Alikaa kimya muda wote wa ndege. Vilipokuja vichanja akasogeza kiti. Kuna mahali mama mmoja anageuza mapanki, na mama yangu akasema, "Hayo hayajakauka. Anayageuza mapema kwasababu mvua inakuja, angalia lile wingu." Nikarudisha nyuma. Kweli, pembeni juu kuna wingu limefunga. Mimi nilikuwa nimeshaangalia ile sehemu na sikuliona, nilikuwa naona funza tu, kama Ulaya walivyoona funza tu. Alafu akaniuliza swali ambalo ndo limenileta hapa leo. "Mbona hajamuuliza ameyanunua kiasi gani?"

Nikamwambia labda ameuliza akakata. Akasema, "Basi amekata kitu chenyewe."

Nikawaza sana. Maana mama alikuwa anajua bei ya panki ilivyokuwa inaruka. Asubuhi lori likija moja bei hii, yakija mawili bei ile. Walipoingia wanunuzi wa chakula cha kuku wenye mtaji wao bei ikapanda na akina mama wenye beseni moja wakarudi nyuma ya foleni. Samaki wakipungua ziwani, panki linapanda. Ulaya wakifunga mlango viwanda vinasimama, na panki halipo kabisa. Yaani yule mama wa kwenye kichanja alikuwa ameshika mwisho wa uzi uleule ambao mwanzo wake uko Brussels kwenye ofisi za Umoja wa Ulaya, na swali moja la bei lingeuvuta wote mpaka tuuone. Bila bei tunaona mateso tu, na mateso yasiyo na bei mtazamaji anayachukulia kama hali ya hewa ya Afrika.

Na sio panki peke yake. Nenda mwalo wowote uulize bei ya samaki wa mvuvi, utakuta kuna wakala wa kununua samaki aliyemkopesha tajiri, yaani mwenye mtumbwi, mashine na makila, zile nyavu za sangara, kwahiyo samaki lazima aende kwa huyo wakala kwa bei ya huyo wakala, na tajiri naye anakata mafuta, barafu, nyavu zilizopotea, ndo kinachobaki anagawana na vijana waliolala majini. Hiyo hesabu iko kwenye daftari la shule lenye mafuta ya taa. Ukiipiga picha ile kurasa ukakaa na mvuvi mmoja akusomee mstari kwa mstari, una filamu ya uchumi.

Kwahiyo mimi sikubaliani na waliosema Sauper ni adui, na sikubaliani na wanaosema alimaliza kila kitu. Yeye alibeba swali la mtu wa Ulaya, ndege zinabeba nini kwetu na zinawapelekea nini wao. Ni swali zuri, ni la kweli, na alipaswa aulize yeye kwasababu samaki alikuwa kwenye sahani ya kwao. Lakini swali la mama yangu ni letu na hakuna mzungu atakayetuulizia.

Tena nadhani yeye mwenyewe njiani alijifunza. Baadae alijenga kindege kidogo kwa mikono yake Ufaransa, akakiita Sputnik, akaruka nacho mpaka Sudan wakati Sudan Kusini wanapiga kura ya kujitenga na wanapata uhuru Julai 2011, na filamu ikatoka 2014, We Come as Friends. Mle ndani kuna wachina wa mafuta, wamisionari wa Texas wanaowavalisha watoto soksi, watu wa Umoja wa Mataifa, kila mmoja amekuja kama rafiki. Lakini sehemu inayochoma kuliko zote ni ya mzee mmoja na karatasi. Ardhi ya jamii yake, hekta 600,000, imekodishwa kwa kampuni ya Marekani miaka 49 kwa kama dola 25,000. Pigeni hesabu hapohapo mlipo. Ni kama senti nne ya dola kwa hekta. Hekta 600,000 ni kilomita za mraba 6,000, Unguja nzima haifiki 1,700. Mzee anasoma alichosaini na unaona kinavyomwingia taratibu. Hakuna funza pale, hakuna matope, ni bei tu imeandikwa kwenye karatasi, na inauma kuliko vichanja vyote. Filamu yake Epicentro ya Havana ambayo ilishinda tuzo kwenye tamasha la filamu la Sundance 2020 sitaiongelea leo, itafuteni, muangalie anavyowapa watoto nafasi ya kuongea historia ya nchi yao.

Mtu mmoja, filamu hizi nne kuanzia 1998 mpaka 2020. Hiyo kasi iangalieni vizuri. Najua nyie mna kodi ya nyumba, mimi mwenyewe naishi kwa harusi na send-off na kipaimara, Jumamosi yangu nzima niko juu ya ngazi na kamera, na sioni aibu maana ile hela ndo inanunua mafuta ya kwenda kambini Jumatatu. Lakini usidanganyike kwamba siku mbili za kupiga picha mwaloni zitakupa kitu. Siku mbili zitakupa harufu na kunguru. Ukitaka bei lazima ukae mpaka msimu ubadilike, kwasababu bei inajitokeza inapobadilika.

Na kazi ipo. Leo viwanda kadhaa vimefunga au vinafanya kazi nusu, samaki wamepungua, na sehemu ya sangara inayogombaniwa saivi sio minofu, ni mabondo, kile kibofu cha hewa tumboni, kinaenda Hong Kong na China, na kilo ya bondo ni ghali kuliko kilo ya samaki mwenyewe kwa mbali sana. Nani amelifuata bondo kutoka tumboni mpaka linakoenda? Vizimba vya sato vinaongezeka kila ghuba, nani anakopa, nani anamiliki, nani anapiga doria usiku na analipwa nini? Dagaa wanaopakiwa Kirumba kwenda Congo, yule mama wa Goma anawanunua kwa hela gani na anauza kwa hela gani? Mnatoka nyumbani mnazipita hizi filamu kila siku kwenye bodaboda.

Mimi nilichelewa. Niliangalia filamu ya mzungu nikakasirika, nikaiangalia tena nikaipenda, nikaiangalia tena nikaona wingu, na ilinichukua miaka mpaka nikapata akili ya kumgeuzia kamera mtu aliyeliona. Nilimkalisha mama uani, karai lake la zamani pembeni, ana daftari lake la madeni ambalo hajawahi kulitupa, na swali langu la kwanza likawa, mama, beseni la kwanza kabisa ulinunua shilingi ngapi na hela uliipata wapi. Aliongea saa tatu bila kuomba maji. Kuna majina mle ndani ya watu waliokufa na deni lao bado limeandikwa, na mama hajalifuta wala hajalidai.

Nimekata dakika kumi na nane. Haijaisha, sauti ina kelele za mashine ya jirani ya kusaga, lakini nataka nyie muwe wa kwanza. Mkimaliza maswali yote ya bei muulizeni mwenyewe, yupo hapa. Kijana uliyekaa karibu na swichi hapo mlangoni, naomba uzime taa.